Ushairi Unaoimbwa: Historia na Utendaji wa Ikhwani Safaa ya Unguja

Utangulizi

Mwaka 1954 Kaluta Amri Abedi alitoa kitabu chake Sheria za Kutunga Mashairi na Diwani ya Amri, na ndani yake akashikilia kwamba shairi ni wimbo, na kwamba utungo usioimbika haustahili kuitwa shairi. Miaka ishirini baadaye, Euphrase Kezilahabi alipochapisha Kichomi (1974), kauli hiyo ilichomolewa kama upanga. Wanamapokeo waliwaambia vijana kwamba tungo zao haziimbiki. Vijana nao wakajibu kwamba si lazima ushairi uimbwe, na kwamba zama za karatasi zimewadia. Mjadala huo uliacha maandishi mengi. Hata hivyo, msomaji anayeyapitia leo hugutushwa na jambo moja: aghalabu pande zote mbili zilizungumza juu ya kuimba bila ya kumsikiliza mwimbaji. Ni nadra kumkuta mhakiki aliyeuliza shairi huimbwa na nani, kwa ala zipi, mbele ya hadhira gani, na ni mambo gani hulipata shairi pindi liingiapo mikononi mwa wapiga ala. Neno “kuimbika” lilitumiwa kana kwamba ni sifa iliyomo katika maneno yenyewe, kama chumvi ilivyomo katika maji ya bahari.

Madhumuni ya makala haya ni kulirudisha suala hilo mahali linapostahili, yaani penye wimbo wenyewe. Tutakitazama chama kimoja cha muziki, Ikhwani Safaa ya Unguja, ambacho ndicho kikongwe kupita vyama vyote vya taarab vinavyojulikana katika upwa wetu. Kwanza tutaeleza kwa muhtasari historia yake. Kisha tutachunguza namna kinavyofanya kazi. Na mwisho tutaonyesha kwamba utendaji huo unaweza kutufunza kuhusu umbo la ushairi wa Kiswahili mambo ambayo kuhesabu mizani peke yake hakujatufunza.

Asili ya Chama

Masimulizi yaliyozoeleka yanaianzisha taarab ya Unguja katika jumba la kifalme la Sultani Barghash bin Said, aliyetawala kuanzia mwaka 1870 hadi 1888. Inasimuliwa kwamba Sultani huyo alipendezwa na muziki wa Misri, akampeleka Cairo Mohamed bin Ibrahim kujifunza kupiga kanuni, na kwamba aliporejea aliwafunza wenzake wakawa kikundi cha kuwatumbuiza watu wa jumba. Muziki huo ulifuata mtindo wa takht, yaani kikundi kidogo chenye udi, kanuni, nai, fidla na rika, na nyimbo zake zilikuwa za Kiarabu.

Mwaka 1905, wakati wa utawala wa Sultani Ali bin Hamud, vijana wa mjini waliupenda muziki huo wakaunda chama chao wenyewe nje ya jumba. Hapa pana mabadiliko makubwa kuliko yanavyoonekana. Kikundi cha mfalme huishi kwa fadhila ya mfalme. Chama huishi kwa michango ya wanachama, kwa vikao na kwa makubaliano. Muziki uliokuwa pambo la enzi ukawa shughuli ya watu waliojichagua wenyewe, ambao mchana wana kazi zao nyingine na jioni hukutana kwa mapenzi ya sanaa. Desturi hiyo ya wapigaji wa ridhaa ndiyo iliyokipa chama uhai uliozipita enzi za masultani wote waliofuata.

Jina walilojipa nalo lastahili kutafakariwa. Ikhwan al-Safa, yaani Ndugu wa Usafi, lilikuwa jina la kundi la wanafalsafa wa Basra wa karne ya kumi, walioandika Nyaraka mashuhuri juu ya elimu za zama zao. Waraka wa tano unahusu muziki. Humo nyuzi nne za udi zinalinganishwa na asili nne za ulimwengu, ambazo ni moto, hewa, maji na ardhi, na muziki unaelezwa kuwa ni uwiano wenye uwezo wa kuziathiri nafsi. Hata kama vijana wa 1905 walivutiwa zaidi na maana ya udugu kuliko falsafa hiyo, jina lilikuwa na dai ndani yake: kwamba kupiga muziki pamoja ni namna ya kuishi pamoja, na kwamba anayepiga ala ni muungwana, si mtumishi wa starehe za wengine.

Hata hivyo, tusilifanye dai hilo kuwa pana kuliko lilivyokuwa. Chama kilikuwa cha wanaume, na kiliimba Kiarabu katika mji ambao wakazi wake walio wengi walizungumza Kiswahili. Utumwa ulikuwa umeharamishwa Unguja mwaka 1897, miaka minane tu kabla ya kuasisiwa kwa chama, na suala la nani ni muungwana lilikuwa bichi. Kuimba kwa Kiarabu kulikuwa, pamoja na mambo mengine, ni kutangaza daraja.

Aliyelitikisa jambo hili si mwanachama wa Ikhwani Safaa, bali ni Siti binti Saad. Mwanamke huyu, aliyezaliwa Fumba katika familia ya asili ya kitumwa na kuhamia mjini mwaka 1911, aliimba kwa Kiswahili mambo ya watu wa mitaani, na mwaka 1928 akaenda Bombay pamoja na wenzake kurekodi sahani za santuri zilizosikika pwani nzima. Wimbo wake wa Kijiti, uliohusu mauaji ya mwanamke na kesi iliyofuata, ulionyesha kwamba muziki uliotoka jumbani ungeweza kuwa baraza ya kuzishitaki mahakama. Shaaban Robert hakukosea alipomwandikia wasifu. Mwandishi yule aliona kwamba Siti ni sehemu ya fasihi, wala si ya muziki pekee. Kuanzia hapo Kiswahili hakingeweza tena kuzuiwa mlangoni. Hivyo, yule anayesema kwamba taarab ilishuka kutoka kwa wakubwa hadi kwa wadogo anasema nusu ya kweli. Umbo la ala lilishuka; lugha ilipanda.

Miongo iliyofuata iliongeza idadi ya ala. Huko Cairo takht ilikuwa imeanza kutoa nafasi kwa firka kubwa yenye safu za fidla na selo. Kongamano la Muziki wa Kiarabu la mwaka 1932 lilijadili, miongoni mwa mengine, iwapo ala za Ulaya zikubaliwe. Kwa njia ya santuri, redio na filamu, sauti za Umm Kulthum na Mohamed Abdel Wahab zikafika Unguja, na vyama vya Unguja vikafuata mkondo huo. Selo, besi na akodiani zikaketi pamoja na udi na kanuni.

Mapinduzi ya mwaka 1964 yalikiweka chama katika hali mpya. Vyama vya muziki viliingizwa chini ya uangalizi wa chama tawala, na Ikhwani Safaa, ambayo jina lake lilinukia Uarabu, ilijulikana kwa muda kwa jina la Malindi, ambao ni mtaa wa Mji Mkongwe. Kando yake lilistawi kundi la Culture, lililoanzia mwaka 1958 miongoni mwa vijana wa Afro-Shirazi. Santuri za muziki wa Unguja zilipotolewa London mwaka 1988, jina la Ikhwani Safaa lilikuwa limerejea juu ya jalada. Mwaka 2005 chama kilitimiza miaka mia moja, na sahani ya kwanza katika mfululizo wa Zanzibara ikatolewa kuiadhimisha karne hiyo. Ni vikundi vichache sana vya sanaa katika Afrika Mashariki vinavyoweza kudai umri kama huo.

Namna ya Kufanya Kazi

Wimbo wa taarab una wazazi watatu. Wa kwanza ni mtunzi wa maneno, ambaye huenda si mwanachama kamwe. Wa pili ni mtia mahadhi, anayeyachukua maneno hayo na kuyachagulia makamu na mwendo wa ngoma. Wa tatu ni mwimbaji. Nyuma yao wamekaa wapiga ala na waitikiaji. Kwa desturi wimbo hujulikana kwa jina la mwimbaji na la chama. Mtunzi wa maneno husahauliwa mapema kuliko wote. Jambo hili tutalirudia.

Kwa kiasi kikubwa mafunzo ni ya sikio. Mtia mahadhi hulipiga au huliimba wazo lake, kwa kawaida akiwa na udi au fidla, na wenzake hulishika kwa kurudiarudia. Kinachoshikwa ni lahani moja. Hapa ndipo utaratibu huu unapotofautiana kabisa na okestra ya Ulaya. Huko kila kundi la ala hupewa sauti yake, na uzuri hutokana na kupatanishwa kwa sauti mbalimbali zinazosikika kwa wakati mmoja. Katika taarab, wote wanapiga lahani ileile, lakini kila ala huivika nguo yake: kanuni huipamba kwa vidokezo vya harakaharaka, nai huivuta kwa pumzi, udi huisisitiza kwa mapigo machache, na fidla huiunganisha. Waliozoea muziki wa Ulaya hudhani kwamba pana upungufu hapa. La hasha. Ni aina nyingine ya ushirikiano, ambamo mtu haachi kusema analosema mwenziwe, wala halisemi kwa namna ileile.

Nani huongoza? Katika mapokeo ya takht, mpiga kanuni ndiye aliyekuwa mhimili, maana nyuzi za ala yake hutegwa kabla ya kuanza na wengine hutega zao kwa kumfuata. Neno lenyewe, katika Kiarabu kama katika Kiswahili, lina maana ya sheria. Kwa hiyo sheria ya kundi imekaa katika ala iliyolazwa mapajani mwa mmoja wao, haikukaa katika fimbo ya mtu aliyesimama mbele akiwapa wasikilizaji mgongo. Kundi likipanuka na kuwa na fidla nyingi, uhuru wa kila mmoja kupamba hupungua, kwa kuwa fidla sita zikipamba kila moja kivyake zitazua vurugu. Firka imepata ukubwa wa sauti, na gharama yake ni kwamba mapambo mengi yamerudi kwa ala chache za pekee, hususan kanuni, udi na nai. Ndiyo sababu msikilizaji makini wa taarab ya Ikhwani Safaa husubiri kwa hamu kile kipande ambapo fidla zote hunyamaza na udi ukaachwa peke yake.

Onyesho hufuata mpango ulio wazi. Hufunguliwa kwa bashrafu, yaani muziki wa ala bila ya maneno. Kila wimbo nao una utangulizi wake wa ala, kisha mwimbaji huingia na ubeti wa kwanza, waitikiaji hupokea kibwagizo, na kati ya ubeti na ubeti ala hurudi na kipande chao. Lakini si kati ya beti tu. Baina ya mshororo na mshororo, na mara nyingine baina ya nusu mbili za mshororo mmoja, ala hujibu kwa kifungu kifupi, kana kwamba zinaitikia “naam” kwa mzungumzaji. Kwa maoni yetu, majibu hayo mafupi ndiyo siri kubwa ya mtindo huu, na ndiyo yanayogusa moja kwa moja umbo la ushairi.

Shairi Mikononi mwa Ala

Tuchukue ubeti wa kawaida wa wimbo wa taarab: mishororo mitatu, kila mshororo una vipande viwili, vina vya kati na vya mwisho. Katika vitabu vya shule tunafundisha kwamba vina hivyo ni pambo la sauti, na kwamba mizani ni hesabu ya silabi. Ukumbini vina ni alama ya njia. Kina cha kati humwambia mpiga ala kwamba nusu ya safari imekwisha na kwamba yamkini nafasi ya kujibu imefika; kina cha mwisho humjulisha kwamba lahani sharti irudi nyumbani. Kuhusu mizani, hesabu ya silabi huwa sawa ilhali muda wake si sawa hata kidogo. Mwimbaji huivuta silabi moja kwa pumzi nzima, akaitembeza juu ya sauti nane au kumi, kisha akazipita nne zinazofuata mbio. Usawa wa mizani humpa mtia mahadhi vyombo vya ukubwa mmoja, ili mahadhi ya ubeti wa kwanza yaweze kuubeba ubeti wa tano. Haumlazimishi kuvijaza kwa kipimo kimoja.

Kuna jambo lililo zito zaidi. Maadamu ala hujibu mwishoni mwa kila mshororo, msikilizaji hukaa kitambo kabla ya kusikia mshororo unaofuata. Sentensi iliyokatwa katikati ikaendelea mshororo wa pili itakuwa imekatika vipande viwili, na kipande cha kwanza kitaning'inia hewani huku kanuni ikicheza. Kwa hiyo mshata ni adui wa taarab. Kila mshororo sharti ujitosheleze kwa maana. Kanuni ya kujitosheleza, ambayo wanamapokeo waliitetea kama amri isiyo na sababu, yaonekana kuwa na sababu nzuri sana pindi tunapoketi ukumbini: nafasi ya ala.

Hapa tunaweza kumjibu yule anayesema kwamba maneno ya taarab ni mepesi mno, na kwamba ukiyachapisha hayafui dafu mbele ya tungo za Muyaka. Ni kweli kwamba sintaksia yake ni nyepesi, na haina budi kuwa nyepesi. Sikio linalongojeshwa baina ya mishororo haliwezi kubeba sentensi nzito. Uzito umehamishiwa kwenye fumbo. Maneno ni ya ua, ya chombo, ya ndege, ya lulu. Kila mtu anayaelewa, na hakuna mwenye hakika yanamlenga nani.

Ni hadhira inayoamua. Katika taarab wasikilizaji, hasa wanawake, huinuka na kwenda kumtunza mwimbaji kwa fedha. Tendo hili limezoea kuelezwa kama shukrani au kama majivuno. Lakini anayeinuka huchagua ubeti wa kuinukia. Akiinuka penye ubeti wa mpenzi aliyesaliti, akatembea taratibu mbele ya kadamnasi, amekwisha kuliandika jina lake katika shairi, na pengine la mtu mwingine aliyeketi safu ya tatu. Waitikiaji wakikirudia kibwagizo wakati huo, wanamthibitishia. Maana ya shairi, basi, haikamiliki kwa mtunzi, wala kwa mtia mahadhi, wala kwa mwimbaji. Hukamilishwa na miguu ya msikilizaji. Mhakiki anayelichambua fumbo hilo katika karatasi na kutoa maana moja amelifungia mlango.

Ulinganisho na Mombasa

Ikiwa hoja yetu ni sahihi, kundi likibadilika, shairi pia litabadilika. Mombasa yatupa ushahidi. Taarab ya Mombasa haikujengwa juu ya firka kubwa. Ilijengwa juu ya mwimbaji na ala chache. Mohamed Khamis Juma Bhalo, aliyefariki mwaka 2014, aliimba kwa hamoniamu, tashkota na ngoma, na mahadhi yake mengi yalielekea kwenye filamu za Kihindi. Nyimbo zake kadhaa zilitungwa na Ahmad Nassir, mwandishi wa Malenga wa Mvita (1971). Zein l'Abdin, mzaliwa wa Lamu aliyefariki mwaka 2016, aliimba akiwa na udi, na miongoni mwa waliomtungia ni Ahmed Sheikh Nabhany. Katika makundi haya majibu ya ala ni mafupi, neno huja mbele, na mwimbaji hulitamka karibu na mazungumzo. Si ajabu, basi, kwamba washairi wa Mombasa waliweza kuwapa waimbaji wao tungo zenye msamiati wa kale na hoja ndefu zaidi. Kundi dogo huvumilia shairi zito. Kundi kubwa huomba shairi jepesi lenye fumbo pana. Hakuna lililo bora kwa asili yake. Kila moja lina ushairi wake.

Kasoro

Si haki kukisifu chama bila ya kukipima. Tunaona kasoro mbili kuu. Ya kwanza ni ile ya kuyaacha maneno yamezwe na ala. Utangulizi wa ala unaporefushwa kwa kuiga rekodi za Cairo, na wimbo wenyewe ukawa na beti tatu tu, shairi huwa mgeni katika nyumba yake. Umm Kulthum aliweza kurefusha kwa kuwa aliurudia mshororo mmoja mara nyingi na kila mara akaufunua upya. Kurefusha ala bila ya ufunuo huo ni kuiga vazi bila ya mwili.

Ya pili ni ile ya kumsahau mtunzi. Vitabu vya Issa Mgana (1991) na Mohamed Seif Khatib (1992) vimefanya kazi ya kusifiwa ya kuitazama taarab ya Unguja kwa Kiswahili na kwa jicho la wenyewe. Hata hivyo, nyimbo nyingi bado zinaelea bila ya jina la aliyezitunga, na udugu ulionadiwa na jina la chama umekuwa, kwa upande huu, kisingizio cha kutomtaja mtu.

Kuhusu taarab ya kisasa, iliyoshika kasi kwa makundi kama East African Melody na Tanzania One Theatre katika miaka ya 1990, wahakiki wengi wameilaani kwa mipasho yake. Sisi twaiona kwa jicho la utendaji. Kinanda cha umeme kimechukua nafasi ya fidla, majibu ya ala yamekuwa mapigo yasiyosita, na hadhira inacheza badala ya kungoja. Mwanya uliokuwa baina ya mishororo umezibwa. Fumbo lilihitaji mwanya huo ili lipate kutafakariwa. Ulipozibwa, fumbo likawa neno la wazi. Wanawake wamepata sauti isiyo na kificho, nayo si faida ndogo ukikumbuka chama cha wanaume cha 1905. Lakini kile kitambo cha kungoja kimepotea, na pamoja nacho aina moja ya ushairi.

Tamati

Turudi kwa Amri Abedi na wapinzani wake. Alikuwa sahihi kwamba umbo la shairi la Kiswahili lilifinyangwa na wimbo. Alikosea, na waliomfuata walikosea zaidi, kulifanya “kuimbika” kuwa sifa ya maneno pekee. Utungo huimbika kwa kundi fulani. Shairi la mishororo mitatu yenye vina huimbika kwa Ikhwani Safaa kwa kuwa lilikua pamoja na ala za aina hiyo. Shairi huru, lililojaa mishata, haliimbiki kwao. Lakini hilo halithibitishi kwamba haliimbiki kabisa. Lathibitisha tu kwamba bado halijapata wapiga ala wake.

Yafuatayo yanawahusu walimu wa ushairi moja kwa moja. Mwanafunzi anayefundishwa kuhesabu mizani bila ya kuusikia wimbo hata mmoja hupewa mifupa na kuambiwa ni mtu. Idara zetu zina vitabu vingi na kanda chache. Rekodi za 1988 na za 2005 zipo. Unguja nako kilianzishwa mwaka 2002 chuo cha kuwafunza vijana kanuni, udi na fidla, ili sikio la wazee lisizikwe nao. Diwani zitakazochapisha nyimbo za taarab hazina budi kumtaja mtunzi wa maneno, mtia mahadhi na chama, kwa sababu kila mmoja wao ameandika sehemu ya shairi hilo. Na mhakiki, kabla hajatoa hukumu juu ya ubeti, aketi kwanza angoje, kama wangojavyo walioko ukumbini, kanuni imalize kujibu.